Kichochoro cha Nyuma ya Kinu

Asubuhi hiyo mwandishi alikuwa anafua soksi kwenye beseni, uani mwa nyumba ya wageni iliyobaki na mgeni mmoja tu, yeye mwenyewe. Vita vilishawakimbiza wengine wote. Miaka nenda miaka rudi alikuwa akizunguka sehemu zenye vita na kuandika safari zake, na kote huko hakuna aliyewahi kumsubiri arudi. Labda dereva wake wa hapa, waliyemwita Breki kwa sababu gari lake halikuwa nazo. Kila wakiachana, Breki humtumia neno moja: "Umefika?" Mara nyingi mwandishi husahau kujibu.

"Baba Soksi!" Mama mwenye nyumba alitoka mbio na simu mkononi. "Kumbe unajua kuandika! Mimi nikadhani kazi yako kufua tu."

"Makala yangu imetoka?"

"Tangu jana. Mji mzima wanasoma. Hata wale wenye bunduki pale kwenye kizuizi cha barabarani, eti wanasomeana kwa sauti!" Akakohoa kama mtangazaji, akaanza: "'Dereva wangu hakupita kizuizini. Alikata kushoto, kichochoro cha nyuma ya kinu cha unga, penye ukuta wenye tundu, tukatokezea ng'ambo ya kizuizi hata jasho halijatukauka.' Weee! Umetuchora sisi hasa!"

Soksi ikamponyoka.

Jina la Breki alilificha. Sura aliificha, rangi ya gari pia, na akalala akijisifu kwa uangalifu wake. Njia hakuificha. Ndiyo iliyomnogea kuliko yote.

"Breki yuko wapi?"

"Si kaondoka alfajiri kumfuata mama yake ng'ambo. Kasema ukiamka nikusalimie wewe, kaka yake mkubwa..."

Mama akaitazama simu yake kama kitu kilichomng'ata, akaigeuza kifudifudi kwenye kanga.

Mwandishi akapiga. Haipatikani. Akapiga tena, povu likamtiririka hadi kwenye kiwiko. Haipatikani.

Akaandika: "Breki, usipite kinuni. Wanaijua njia. Ni mimi niliyewaambia."

Mama akaingia ndani. Uani pakabaki beseni, soksi moja kwenye kamba, na yeye.

Akaandika tena: "Umefika?"

Tiki moja tu: ujumbe umetoka, haujafika. Jua likapanda, povu likaisha kwenye beseni, soksi ikakauka. Tiki ikabaki ile ile moja.