Mistari Aliyoikata Tamsin

Katika chumba changu cha nyaraka kalamu ya wino ni marufuku. Hata rais wa chuo akija ni penseli tu, na akinuna atajua mwenyewe. Profesa Arlene Stoddard sikuwahi kumkumbusha hilo kwa miaka arobaini. Kwa hiyo siku ile nilipomwona ameshika sanduku langu lenye lebo ya Mapishi, penseli imemwanguka sakafuni na haiokoti, nilijua kuna jambo.

Arlene alikuwa mwanahistoria wa fikra za Wamarekani, na jina alilipata kwa kitabu kimoja, kuhusu Mchungaji Ezra Lathrop aliyeanzisha chuo chetu hapa Massachusetts mwaka 1834. Ujanani aliikuta hotuba maarufu ya mchungaji, kurasa kumi na nne bila neno hata moja lililofutwa, akaandika kwamba fikra zilimtoka mtu huyu zikiwa zimeshaiva. Alisifiwa sana. Kila Oktoba, Siku ya Mwanzilishi, hotuba ile husomwa kanisani kabla ya juisi ya tufaha na donati, na kila mwanafunzi anaujua kwa moyo mstari wake: mtu aliyenyimwa mimbari hajanyimwa akili. Kwa nini mhubiri aliyekuwa na mimbari maisha yake yote aandike hivyo? Arlene alilieleza hilo kwa kurasa kumi na mbili.

Sasa sandukuni, katikati ya maelekezo ya kuloweka matango kwenye siki, ilikuwamo hotuba ileile kwa mwandiko wa Tamsin, dada wa mchungaji. Tarehe yake iliitangulia ile ya mchungaji kwa miezi miwili. Sentensi zilikuwa zimekatwa, zikarudishwa, zikakatwa tena.

“Corinne, mimi mjinga,” aliniambia. “Anayewaza huchafua karatasi. Yule bwana alikuwa ananakili tu.”

“Na mimi je? Nani aliandika Mapishi kwenye lebo akalisukumia rafu ya chini?”

“Hukusoma ndani?”

“Niliona matango, nikafunika.”

Alicheka mpaka akatoa machozi, kisha machozi yakaendelea bila kicheko.

Rais wetu, Garrett Pell, alipopata habari alikuja mwenyewe na maneno laini. Chuo kilikuwa kinakichapa upya kitabu cha Arlene kwa ajili ya sherehe. Arlene alikuwa anastaafu Desemba. Hakuwa na mtoto wala kitabu kingine, na hicho ndicho kingebaki. Akinyamaza, kitatoka. Akisema, mitambo ya uchapaji inasimama.

“Mwaka mmoja tu, Arlene,” alisema Pell. “Tamsin amesubiri karibu miaka mia mbili. Mmoja zaidi utamfanya nini?”

Mimi niliogopa. Siku tatu Arlene alikaa dirishani na kitabu chake, anakifungua, anakifunga. Nilimchukia Pell kwa kila ukurasa uliofunuliwa. Na Arlene pia, kusema kweli, nilimkasirikia kwa kusita.

Siku ya Mwanzilishi alipanda mimbarini kusoma kama alivyoombwa. Pell aliketi safu ya mbele, ametulia. Arlene alisoma vizuri, kwa sauti ileile ya darasani, hadi ule mstari. Wanafunzi walikuwa wameshaanza kuusema pamoja naye, kama kawaida.

“Mwanamke aliyenyimwa mimbari,” alisoma peke yake, “hajanyimwa akili.”

Akainua juu karatasi aliyoitoa sandukuni.

“Neno mwanamke limekatwa,” akasema. “Juu yake pameandikwa mtu. Aliyelikata ni Tamsin Lathrop, na ni yeye aliyelitunga. Kaka yake alinakili. Mimi niliisifu nakala kwa miaka arobaini, na kurasa zangu kumi na mbili ni upuuzi. Bwana Pell, simamisha mitambo.”

Kisha akaendelea kusoma mpaka mwisho, pamoja na kila kilichokatwa. Pell aliondoka kabla ya donati. Wasichana wa safu ya nyuma walisimama, na hawakuketi tena.

Kitabu hakikuchapwa. Asubuhi iliyofuata Arlene alikuja, akatundika koti lake, akaomba sanduku. Kisha akaomba kalamu ya wino.

Nilimpa yangu. Alipitisha mstari mmoja juu ya neno Mapishi, taratibu, ili mwandiko wangu uendelee kusomeka chini yake, akaandika jina la Tamsin. Nililipuliza mwenyewe mpaka wino ukakauka.