Shemasi Apakiwa Kwenda Chicago

Wachungaji watakudanganya kwamba wao ndio waliowafikisha ng'ombe Kansas. Waongo hao. Aliyewafikisha ni Shemasi, maksai mwekundu mwenye pembe pana kuliko mlango wa kanisa. Mto ukifurika, Shemasi anaingia kwanza, kengele shingoni, na kundi zima linamfuata kutoka Texas hadi kwenye reli. Wenzake walikwenda kuuzwa, yeye akarudi nasi nyumbani kila mwaka. Mimi nilikuwa mpishi wa msafara, na nilimpenda kuliko nusu ya watu niliowapikia.

Mwenye kundi alikuwa Bi Permelia Tackett, mjane mwenye sauti ya kuamsha wafu. Yeye alimpenda Shemasi kuliko watu wote, mimi nikiwemo.

Mwaka ule reli ilifika Cutler, huko huko Kansas. Mwaka uliotangulia, Cutler ilikuwa kisima na mbwa mmoja. Sasa ilikuwa na hoteli, benki, kinyozi na bendi ya tarumbeta, kwa sababu ng'ombe ambaye Texas hatakiwi hata bure, akishapanda behewa tu anageuka dhahabu. Siku ya treni ya kwanza mji mzima ulikuwa umelewa, na nusu ya watu hawakuwa wamegusa hata tone.

Kupakia kulikuwa na utaratibu wake. Shemasi hupanda njia ya mbao hadi ndani ya behewa, wenzake humfuata, naye hutolewa haraka kwa mlango wa upande wa pili. Tulipofika behewa la mwisho, mkuu wa bendi akaja mbio, amevimba kwa hasira.

"Jamani, hiyo kengele inaniharibia wimbo!"

Kwa kuwa tulikuwa na furaha ya kijinga, tukaijaza nyasi isilie. Shemasi akapanda kimya kimya. Wiley Sprague, aliyepewa kazi ya mlango wa pili, alikuwa anacheza dansi peke yake na koleo. Milango ikafungwa, treni ikapiga honi, kofia zikarushwa hewani.

"Shemasi yuko wapi?" akauliza Bi Permelia.

Wiley akageuka. "Si yuko na Eulalio?"

"Na mimi?" Eulalio, mchungaji mwenzake, akamaka. "Mlango ulikuwa wako, wewe shingo ya bata!"

"Mama, nilidhani..."

"Ulidhani! Mwenzako anakwenda Chicago kuchinjwa na kutiwa kwenye kopo, wewe unadhani!"

Bi Permelia akakunja gauni lake la kanisani, akarukia farasi wa mtu asiyemjua, akatimua. Nami nikafuata juu ya nyumbu wangu wa kubeba vyombo vya jikoni, sufuria zikigongana pande zote mbili.

Bahati yetu, nje ya mji kuna kilima, na treni iliyoshiba ng'ombe hukipanda kama bibi mwenye magoti mabovu. Tukaifikia.

"Gustaf, simamisha!" Bi Permelia akampigia kelele dereva, aliyetujua tangu vituo vya miaka ya nyuma.

"Siwezi, mama! Nachelewa!"

Hapo nikaona ni zamu yangu. "Gustaf! Ukimpeleka maksai huyu Chicago, pai yangu ya matufaha huionji tena mpaka kiama!"

Breki zikalia. Uso mweusi kwa masizi ukachungulia. "Ile yenye mdalasini?"

"Ndiyo hiyo hiyo!"

Akairudisha treni nzima kinyumenyume. Watu wa Cutler walipoiona wakadhani ni treni ya pili, wakashangilia upya, na bendi ikaanza upya. Tukafungua mlango, Shemasi akashuka taratibu kama mtu anayetoka ibadani. Tukapiga vigelegele. Kumbe akili zetu zilikuwa likizo: ng'ombe wale safari nzima hawakujua kazi nyingine ila kumfuata yeye. Behewa zima likamwagika nyuma yake. Shemasi akashika barabara kuu, ng'ombe nyuma, bendi nyuma ya ng'ombe, maana mkuu wake alidhani ni maandamano. Fahali mmoja akaingia kwa kinyozi, na mteja akatoka dirishani na povu shavu moja. Nilicheka mpaka nikakaa chini vumbini.

Tulipowakusanya, mnunuzi kutoka Chicago, Bwana Prentiss, alikuwa ameshika kofia iliyokanyagwa. Hakucheka.

"Nawataka wote behewani sasa hivi, la sivyo kundi zima sinunui."

Tukamleta Shemasi. Akanusa ubao wa kwanza, akagoma. Tukasukuma, tukabembeleza, tukatukana. Wapi! Na bila yeye hakuna ng'ombe aliyeinua hata kwato.

"Mfungeni kamba, mvuteni," akasema Prentiss. "Na safari hii abaki humo humo. Nyama ni nyama."

Bi Permelia akamvua Shemasi kengele, akaitoa nyasi, akaivaa yeye mwenyewe.

"Mama, unafanya nini?" nikauliza.

"Naenda kazini."

Akapanda zile mbao na gauni lake la kanisani, kengele ikilia, na ng'ombe wakasimamisha masikio, wakamfuata mmoja mmoja. Mji ulipasuka kwa kelele.

"Wiley!" sauti yake ikatoka gizani ndani ya behewa. "Ukinifungia humu, nitakurudia hata nikiwa kopo!"

Wiley aliushika ule mlango wa pili kwa mikono yote miwili mpaka Bi Permelia akatoka, samadi hadi magotini. Watu wakambeba juu juu. Nikamkimbilia na kikombe cha kahawa, nacheka bado. Yeye hakuwa anacheka. Alikuwa anaitazama pua ya ng'ombe iliyochomoza kati ya mbao za behewa, ikimnusa.

"Wamenifuata, mpishi," akasema. "Sikuwavuta, sikuwachapa. Wameniamini tu."

Treni ikaondoka. Siku iliyofuata tulianza safari ya kurudi Texas, Shemasi akiwa katikati yetu, na njia nzima Bi Permelia alikataa kufuatwa nyuma na mtu yeyote. Alituambia tutangulie.