Faili la Kutafutia

Mansuri hakupenda kuambiwa kwamba kuna kitu cha kompyuta kinachomshinda, na siku ile aliambiwa na mtani wake, mbele ya mteja.

Mteja alikuwa Magdalena, mama wa makamo kutoka Matombo, aliyejifunga kanga ya msiba. Mama yake, Bibi Anastasia, mwimbaji aliyejulikana vijiji vyote vya mlimani, alikuwa amefariki, na arobaini ilikuwa Jumamosi. Zamani marehemu aliteremka mjini akarekodi nyimbo katika chumba hiki hiki cha Msamvu, kilipokuwa studio, kabla Mansuri hajakirithi na kukifanya karakana ya kompyuta. Hakukuwa na rekodi nyingine. Magdalena alitaka watu waisikie sauti ile kabla ya kuondoa tanga.

"Shikamoo, mtani," Mansuri alimwamkia mzee Deogratias, aliyemsindikiza mama huyo.

"Marahaba, mali yangu. Nasikia siku hizi unatibu mashine. Ukoo wenu hata kuku hamjawahi kumponya!"

Mansuri na Magdalena walikuwa ukoo mmoja kwa upande wa mama, na watu wa ukoo wa Deogratias walikuwa na haki ya kuwatania wote wawili, msibani kuliko popote.

Kompyuta ya zamani ya studio ilijaa maelfu ya rekodi, kila moja imepewa namba tu. Majina ya waimbaji yalikuwa ndani ya programu ya kutunzia rekodi, na njia ya kuyafikia ilikuwa kitufe cha kutafuta. Kitufe kilikuwa kimekufa. Mansuri aligundua sababu upesi: programu ya kuzuia virusi ilikuwa imefuta faili dogo ambalo ile programu kubwa hulitegemea kila inapotakiwa kutafuta. Akachukua faili la jina lile lile kwenye laptop yake, toleo jipya zaidi, akaliweka mahali pake. Kitufe kikafufuka. Kioo hakikulalamika hata neno.

Akaandika: Anastasia. Hakuna kilichopatikana. Akaandika: Matombo. Hakuna kilichopatikana.

"Haimo, dada. Pole sana. Na jioni naifuta yote, mashine imeshapata mnunuzi."

"Imo," alisema Deogratias. "Mimi ndiye niliyempigia ngoma siku ile, akaniambia napiga kama natwanga kisamvu. Mashine yako kipofu kama mjomba wako."

Magdalena alicheka, akafuta macho. Mansuri alikuwa anawaka ndani.

"Mtani, hii ni kompyuta, siyo mdomo wako."

"Sikiliza moja moja, nakuambia. Usiifute!"

"Maelfu yote haya? Labda ulale hapa mpaka tukuzike."

"Mtanizika na nini, wavivu nyie?"

Nani humwamini mtani wakati wa msiba? Kazi yake ni kupiga porojo mpaka wafiwa wacheke. Magdalena mwenyewe alimshika mkono mzee, akamwambia basi, twende. Akashukuru, wakatoka kutafuta gari la kupanda mlimani.

Mnunuzi angeifuata kompyuta jioni ile ile. Mansuri alihamishia kwenye flash ile programu ya rekodi pamoja na tenzi zake mwenyewe, alizojifundisha kutunga na kuziimba, zilizoandikishwa humo kwa jina lake. Kisha akaisafisha diski kwa njia isiyorudisha kitu, kwa kuwa alijivunia kazi isiyoacha mabaki.

Asubuhi maneno ya mzee yalikuwa bado yanamkera. Ili athibitishe kwamba mashine haikuwa kipofu, alichomeka flash, akafungua programu, akaandika jina lake: Mansuri.

Hakuna kilichopatikana.

Tenzi zake zilikuwa pale pale kwenye folda, anaziona kwa macho. Akarudia. Jibu lile lile. Faili jipya halikujua kusoma kumbukumbu za programu ya zamani. Liliitika kila lilipoitwa, likarudi mikono mitupu bila aibu. Jana angeandika jina lolote analojua kuwa limo, angeligundua hilo. Hakujaribu, kwa sababu alikuwa na hakika.

Jumamosi alipanda Matombo. Alimkuta Deogratias uwanjani amevaa gauni la marehemu, anamwigiza alivyokuwa akichechemea, kama watani wafanyavyo msibani, watu wanashika mbavu.

"Mali yangu! Umefuata pilau?"

Mansuri alimsogelea, akamweleza kwa sauti ya chini. Mzee aliacha kuchechemea. Kicheko kikafa. Magdalena akaja.

"Umeipata?"

"Ilikuwemo, dada. Mtani alisema kweli. Nimeifuta."

"Uliisikiliza hata kidogo?"

"Hapana."

Magdalena aliketi kwenye mkeka, akavuta kanga mabegani. "Endelea, mtani," alisema. "Mwimbe."

Deogratias akaanza wimbo wa marehemu, kwa sauti yake kavu ya kiume. Magdalena alimsikiliza mpaka mwisho, macho chini, akitikisa kichwa taratibu kila mzee alipokosea.