Miaka Sita ya Kutazama Ukuta

Zilibaki siku tano kitabu cha Hester Thackray kiende kwa mchapaji, na ndani yake mlikuwa na miaka tisa ya jasho lake. Kilihusu tamthilia moja ya televisheni, ile ya jumba la kitajiri na watumishi wake, iliyowafungia Waingereza majumbani kila Jumapili jioni miaka ya sabini. Ukitaka kumwona Hester amepandisha mori, mtajie tamthilia ile. Vifungo sahihi, kofia sahihi, hata mishumaa sahihi; ila watumishi walivyotendewa, uongo mtupu! Sura ya mwisho, ambayo ndiyo roho ya kitabu, ilisema hivyo bila kupepesa macho. Wakubwa wa chuo walikuwa wameshaisifu, na uprofesa alioulilia ulitegemea sura hiyo.

Alichokosa ni shahidi. Na shahidi alikuwa mama yake mzazi, Zillah, bikizee wa miaka themanini na miwili, aliyewahi kuwa mtumishi wa vyumbani katika jumba moja la Yorkshire tangu ana miaka kumi na minne. Basi Hester akabeba kanda ya video na kinasa sauti, akapanda treni mpaka Sheffield.

Walikaa sebuleni na chai yao. Kwenye kanda, msichana aitwaye Annie alikuwa akipita ukumbini na ndoo ya majivu, akakutana na bwana mwenye nyumba. Bwana akasimama. "Habari za asubuhi, Annie." Annie akamtazama machoni, akamjibu.

"Mama, hili lingewezekana kwenu?"

Zillah akacheka hadi chai ikamwagikia kisahani. "Thubutu! Ukisikia viatu vya bwana, unageukia ukuta. Unaganda hapo, pua kwenye ukuta, mpaka apite. Ole wako akuone uso! Na jina nani akuulize? Aliyenitangulia aliitwa Mary, na mimi nikaitwa Mary, na aliyenifuata Mary vilevile."

Hester nusura aruke kwa furaha. Akachomoa karatasi zake, akasoma kwa sauti ya darasani: "'Watazamaji walidanganyika. Walilishwa ndoto tamu, wakaisahau historia yao wenyewe.' Unaona, mama? Umenithibitishia kila kitu!"

Zillah aliweka kikombe mezani. "Hao watazamaji ni akina nani?"

"Watu tu, mama. Walioutazama mchezo."

"Mimi si nilitazama? Sikukosa hata Jumapili moja. Kwa hiyo nimo?"

Hester akababaika, msomi mzima na vyeti vyake ukutani. "Siyo wewe hasa, mama..."

"Nimo au simo?"

Hester akazikunja karatasi zake.

"Sikiliza, mwanangu. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Mimi nilijua ni uongo tangu siku ya kwanza. Miaka sita nimetandika kitanda cha yule bwana, na hata leo nikikutana naye mbinguni simjui kwa sura. Lakini yale maua ya karatasi ya ukutani naweza kukuchorea sasa hivi. Jumapili nilikuwa nakaa kwenye kiti changu, kwangu, namwona msichana anaitwa kwa jina lake, na yeye anamtazama mtu machoni. Nilitaka kuliona hilo kabla sijafa. Sasa nani alinidanganya?"

Hester alihisi uso ukimwaka moto. Aliona haya, haya ya kweli. "Mbona hukuniambia miaka yote hii?"

"Uliniuliza? Kila ukija ni kofia, vifungo, mishumaa. Hujaniuliza hata siku moja nilikuwa natazama nini."

Simu ilikuwa ukumbini. Hester akampigia mhariri wake, akamwambia kitabu hakitatoka mwaka huu, na sura ya mwisho aitupe. Mhariri akafoka: Je, ameichungulia kalenda? Anajua uprofesa unaamuliwa lini? Anajua, Hester akasema. Sasa sura ina kasoro gani, na kila mtu ameisifu?

"Nimewaita watu wajinga bila kuwauliza," alisema Hester. "Mmoja wao ndiye aliyenizaa."

Akakata simu, akarudi sebuleni, akawasha kinasa sauti. "Haya, mama," alisema. "Anza na jina lako."