Kizingo cha Waride

Lihangwa si mto wa kuandikwa kwenye ramani. Unaanzia kwenye chemchemi za vilima vya Mtunda, unateremka katikati ya mikorosho, unaingia tambarare ya mpunga, na kabla haujapata jina unamezwa na mikoko ya delta. Kiangazi mtu mzima anauvuka bila kulowesha magoti. Masika hauvukiki. Kitu pekee ulichojaliwa kwa wingi ni mchanga, mweupe, wa punje nene, usio na udongo.

Tena ulikuwa na tabia ya kuhama. Tambarare ile yote ni makovu yake. Kila penye matete palipojipinda bila sababu, mto uliwahi kupita. Kwa hiyo wakulima wa kando yake walikuwa na sheria moja, ya tangu mababu: mpaka ni maji. Mto ukihama wenyewe, mpaka umehama nao. Aliyepata kapata, aliyekosa kakosa. Anayeuhamisha kwa jembe ananyang'anywa hata kile alichokuwa nacho.

Zabibu, mjane wa Khalidi, alilima upande wa magharibi. Upande wa mashariki alilima Waride, dada yake Khalidi. Baba yao ndiye aliyewagawia hivyo, mto ukiwa katikati. Mwaka wa mvua za El Nino, 1998, Lihangwa ulijikunja ukaingia shambani kwa Khalidi, ukazunguka kama mkono uliokunjwa, ukarudi karibu na ulipoingilia. Ulimi wa ardhi uliobaki ndani ya mkunjo huo ukaongezeka kwa Waride. Watu wakauita kizingo cha Waride. Kila mafuriko yalipopungua yaliacha humo tope jeusi, na Waride alipanda mlau, mazao ya tope la mafuriko: mahindi na maboga yasiyongoja mvua. Khalidi hakusema neno. Alikufa bila kusema. Zabibu ndiye aliyebaki akikitazama kizingo kile kila asubuhi.

Kiangazi cha 2023 mkandarasi wa mchanga aliingia na katapila na matipa. Serikali ya kijiji ilikubali bila ubishi, kwa kuwa kila mtu alijua kwamba mchanga wa mto hurudi na masika, kama nywele zinavyorudi baada ya kunyolewa. Msimamizi wa machimbo aliitwa Dulla, kijana wa Dar, mwenye miwani myeusi na adabu ya kutosha.

Zabibu alimpelekea uji wa mchele. Dulla alipomaliza kunywa, Zabibu akamwonyesha mahali.

"Pale kizingo kinapojibana, panapoonekana kama shingo. Pande zote mbili kuna mchanga wa kumwaga."

Dulla alivua miwani. "Mama, pale tukichimba pande zote, ukuta utakaobaki ni mwembamba. Mvua ikija mto utakata."

"Mimi nimekuonyesha mchanga, baba. Ya mvua mwachie Mungu."

Dulla alicheka. "Aisee, bi mkubwa, wewe ungefaa kuwa bosi wangu."

Waride aliona mashimo yale, akalalamika kwa wifi yake walipokutana kuchota maji. "Hawa vijana wanafukua kama ngiri. Wataniangushia kingo."

"Kingo zako zimeanguka siku nyingi, wifi," Zabibu alimjibu, akimtazama kifuani. Waride akacheka mpaka maji yakamwagika ndooni. Huo ndio ulikuwa utani wao, wa miaka yote.

Masika ya 2024 hakuna wa wilaya ya Kibiti atakayeyasahau. Mafuriko yaliposhuka, shingo ya kizingo haikuwepo. Lihangwa ulikuwa umenyooka, ukipita mashariki ya kizingo, na mkunjo wa zamani ulikuwa umebaki kama bwawa refu lililokizunguka kutoka pande tatu.

Mzee Zaidi, mwenyekiti wa kitongoji, alikwenda kuangalia pamoja na wazee wengine. Nusu ya kitongoji ikamfuata.

"Hapa palichimbwa!" Waride alisema. "Wote mliona. Mto haukuhama, umehamishwa."

"Palichimbwa mchanga, Waride. Haukuchimbwa mto. Nani aliona mtu na jembe?" mzee aliuliza.

"Katapila si jembe?"

"Jembe lenye dereva!" mtu mmoja akadakia, na watu wakacheka.

Mzee Zaidi hakucheka. Alijua kilichofanyika. Alijua pia kwamba akitamka kuwa katapila ni jembe, kila aliyekubali machimbo, yeye akiwa wa kwanza, atakuwa amehamisha mto. Akasema, "Ukuta umevunjwa na mafuriko. Mpaka ni maji."

Waride akamgeukia wifi yake. "Zabibu, sema basi. Sema kama haya ni haki."

"Mwaka wa El Nino, maji yalipomnyima kaka yako, uliyaita haki au hukuyaita?"

Waride alikuwa ameyaita haki. Alibakiwa na kipande cha mikorosho kule kilimani, alichonunua marehemu mumewe, na mikorosho hailiwi mwezi wa sita. Aliwaachia watu waitazame, akaenda Mbwera, deltani kwenye mikoko, kukaa kwa binti yake Maryam.

Zabibu alipanda mlau kizingoni. Maboga yalikuwa mazito, akayapanga barazani wapita njia wayaone.

Kiangazi hicho Dulla alihamia chini, karibu na mikoko, kwenye tuta la mchanga lililolala chini ya maji kutoka ukingo mmoja hadi mwingine. Hakuna aliyelifikiria tuta lile. Ndilo lililokuwa likiizuia bahari. Matipa yalipolimaliza, maji ya bamvua, yale makubwa ya mwezi mpevu, yalianza kupanda Lihangwa. Mto wenyewe, kwa kuwa ulikuwa umechimbika kina, haukumwagika tena mashambani. Chumvi ikapita na njia mpya, ikaingia kwenye bwawa lililokizunguka kizingo, ikashindwa kutoka. Jua likaipika. Kufikia Desemba ukingo wa bwawa ulikuwa mweupe kama uliopakwa chokaa, na mbaazi za Zabibu zilikauka kuanzia ncha za majani. Dulla na mitambo yake walikuwa wameshaondoka. Barabara ya Ndundu ina mito mingine mingi ya kuchimba.

Zabibu hakulia. Alikaa, akafikiri. Mvua za kwanza za Machi ziliposafisha ule weupe na nyasi zikachipua, alipanda pikipiki, kisha boti, mpaka Mbwera.

"Wifi," alisema, akiwa amekaa mkekani kwa Maryam, "silali. Namwota Khalidi. Kizingo ni chako, kirudi kwako. Mimi nipe ile mikorosho, tusiseme nimekupa bure watu wakacheka."

Waride alimgusa paji la uso. "Umeugua?"

"Nimezeeka."

"Wewe ulizaliwa mzee." Kisha machozi yakamtoka, akamshika mkono.

Walipeana mbele ya Mzee Zaidi, barazani kwake. Mzee alikuwa ameuona weupe wa Desemba kwa macho yake. Alisafisha koo, akatazama miguu yake.

"Waride, umekwenda kuliona shamba?"

"Shamba lililolimwa nikiwa mgongoni kwa mama yangu, nilione nini, mwenyekiti? Ardhi ya mto haizeeki."

Mzee Zaidi alimtazama Zabibu. Zabibu alikuwa akinyoosha pindo la kanga yake. "Haya," akasema mzee, "mashahidi mmesikia."

Waride alilima kwa wiki mbili, akimwaga mpunga huku akiimba. Maji ya bwawa yalikuwa ya mvua, matamu. Alinawa uso nayo. Mpunga uliota wa kijani kibichi. Alimpigia wifi yake kelele za utani kila alipomwona akipanda kilimani, na Zabibu alimrudishia.

Bamvua ya mwezi wa Mei ilikuja mchana, kimya, ikajaa mpaka kwenye mashina. Siku chache baadaye ncha za mpunga zilipauka. Waride alikwenda kwa Zabibu, aliyekuwa akifyeka chini ya mikorosho, na shada la mpunga mkononi.

Zabibu aliligeuza huku na huku. "Labda mbegu, wifi."

"Labda."

Waride alirudi kupalilia. Karibu na bwawa, kati ya mistari miwili ya mpunga, aliona mche ulionyooka, majani mawili manene yanayong'aa. Mkoko. Kule Mbwera mikoko inaota mlangoni kwa binti yake; mtoto mdogo anaijua, na anajua kwamba huota penye maji ya chumvi. Waride alichuchumaa akautazama. Akainua macho kilimani. Panga la Zabibu lilikuwa likipanda na kushuka.

Akaung'oa mche ule na mzizi wake, akautupa kwenye rundo la magugu, akasogea mbele kwenye mstari, akaendelea kupalilia.