Jina la Mwisho wa Wimbo

Miaka thelathini na mmoja Nohea Kaʻaihue aliwaigizia watu kila walichotaka. Kwenye televisheni alikuwa mpishi wa Kifilipino, muuguzi wa Kijapani, mchawi wa kisiwa kisichokuwepo kwenye ramani, na maiti mara nne. Kwenye hoteli za Waikiki aliimba, akacheza, akawavunja mbavu watalii waliobabuka kwa jua. Sasa ndiyo kwanza amepewa umalkia, tena jukwaani, hapa hapa Honolulu, jina lake likiwa juu kabisa kwenye bango. Na bwana huyu anataka kumtibulia.

"Wimbo ni mzuri sana," alisema Sutcliffe, mwongozaji aliyeletwa kutoka bara, ng'ambo ya bahari. "Ila pale mwisho usitaje jina la bibi yako. Malkia anamwimbia bintiye, na binti anaitwa Lani. Taja Lani."

"Wimbo ni wa bibi yangu. Alitungiwa siku aliyozaliwa."

"Najua. Ndiyo maana una hisia."

"Hujui kitu wewe. Nilikuazima kwa sharti moja, jina lake litajwe, na ukakubali."

"Nohea, jina lenyewe refu mno. Watu wanakuja kustarehe, hawaji darasani."

Kwetu wimbo wa jina una mwenyewe. Uucheze utakavyo, lakini ukimaliza unapaza sauti na kumtaja aliyetungiwa, ndipo unaondoka. Kumtaja mwingine ni kumwibia marehemu. Watoto wa chekechea kule Waimānalo wanalijua hilo, na jitu zima hili na ndevu zake halijui.

"Ni Lani," alisema Sutcliffe, "au Kanoe atavaa taji lako."

Kanoe, msichana aliyekaririshwa nafasi ya malkia kwa dharura, alikuwa pale pale na kibuyu chake kinachopigwa kama ngoma. Nohea ndiye aliyemfundisha kucheza tangu ana miaka saba. Msichana aliinamisha kichwa, kimya. Kimya hicho kilimchoma Nohea kuliko maneno ya mzungu.

"Nimekulisha poi ya magimbi kwa mkono huu," alimwambia. "Leo umemeza ulimi?"

"Anti, mimi nifanyeje?"

"Usiniite anti."

Jumamosi mchana ukumbi ulijaa. Nohea alicheza kama mtu anayedai haki yake, na wimbo ulipokwisha akapaza sauti kwa jina la bibi yake: "Keahiokalani!" Alilitaja lote, silabi kwa silabi, wala hakuharakisha. Wazee wa viti vya nyuma wakalirudia. Pazia lilipofungwa tu, Sutcliffe akamwambia avue taji na asirudi tena.

Alivua. Akalia garini, kwa hasira zaidi kuliko huzuni, maana alilitaka taji lile jamani, alilitaka kufa. Miaka thelathini na mmoja, halafu umalkia wa saa mbili.

Jumapili alikata tiketi kama mtu baki, akakaa kando ya njia na pakiti ya ndimu kavu za chumvi. Alikuja kumchukia Kanoe kwa macho yake mwenyewe. Na binti alicheza vizuri, ndilo lililomuuma zaidi. Kila mkono ulipita pale alipomwonyesha. Wimbo ulipofika mwisho, Nohea akainamisha uso asione midomo ikitamka Lani.

"Keahiokalani!"

Kanoe alisimama wima, kidevu juu, machozi yakichuruzika juu ya poda. Nyuma yake wachezaji wanne wakaitikia jina lile lile.

Sutcliffe alikuja mbio kwenye njia, uso mwekundu, akamwona Nohea na tiketi yake.

"Ni wewe umewafundisha hivi."

"Ni mimi," alisema Nohea. "Wote watano, tangu wadogo. Na nina wanafunzi wengine arobaini nyumbani. Haya, endelea kufukuza."

Akampa kisogo, akasimama, akampigia makofi Kanoe wake.