Rede ya Wazungu

Mwaka ule mkoa wa Manyara ulikuwa bado mchanga, na Babati nzima ilikuwa imeshikwa na ugonjwa wa neno moja: mpya. Mkoa mpya, ofisi mpya, vibao vipya ambavyo ukiviegemea unaondoka na rangi begani. Ukitaka kumnyang'anya mtu kitu chake bila kuona aibu, ulisema tu kwamba mkoa mpya unakihitaji. Ndivyo Mwalimu Herieli, mkuu wa chuo kidogo cha ualimu pale Nangara, alivyotaka kuuchukua uwanja wa michezo wa Elieza, mmoja wa walimu wake.

"Elieza, mkoa mpya unataka chakula," alimwambia kikaoni, mbele ya walimu wote. "Uwanja ule tunaulima mahindi. Trekta linakuja Jumamosi kutoka Sigino. Hiyo rede yenu ya Wazungu mtaichezea makwenu, likizo."

Walimu wakacheka. Rede ni mchezo wa watoto wa kike, wa kukwepa mpira, na tangu Elieza alete chuoni besiboli, mchezo wa kupiga mpira kwa rungu na kukimbia, mji mzima uliuita hivyo: rede ya Wazungu. Elieza hakucheka. Damu ilimchemka, kwa sababu maneno yale alishawahi kuyasikia mahali pengine, kwa Kiingereza.

Alikwenda Marekani akiwa kijana, kwa msaada wa kanisa, kusomea ualimu katika chuo kimoja cha Kansas, huko wanakolima mahindi mpaka macho yanachoka. Alianza kwa kuokota mipira ya timu ya chuo. Mkono uliokua ukifukuza ndege shambani kwa mawe haukuchelewa kujulikana. Akawa mchezaji, halafu kocha msaidizi, na kocha mkuu alipougua Elieza akaibeba timu peke yake, ikashinda kuliko ilivyowahi kushinda. Kisha wakubwa wakamwita ofisini, wakamsifu sana, na kazi wakampa kijana ambaye Elieza mwenyewe ndiye aliyemfundisha kushika rungu la kupigia mpira. Timu inataka sura mpya, walisema. Siku ile Elieza alijibu "asante". Neno hilo lilimkaa kooni kama mwiba. Alifungasha glovu kuukuu kwenye gunia akarudi kwao, akiapa kwamba hatanyang'anywa tena huku akishukuru.

"Sikubali," alisema sasa.

Mwalimu Herieli hakuwa mkubwa wake wa kazi tu. Ndiye aliyemfundisha darasa la nne kule Mbulu, akamchapa kwa kuandika kwa mkono wa kushoto, na ndiye aliyemwombea kwa mchungaji ile nafasi ya Marekani. Mtu wa namna hiyo haambiwi "sikubali".

"Umesemaje?"

"Nimesema sikubali, Mwalimu. Jumamosi, kabla trekta halijaingia, ninyi walimu mcheze na wanafunzi wangu. Mkitushinda, nitaulima ule uwanja kwa jembe la mkono, mimi mwenyewe. Tukiwashinda, trekta lirudi lilikotoka na uwanja ubaki wetu."

Mwalimu Herieli, ambaye ujanani alikuwa mkimbiaji na alipenda watu walikumbuke hilo, alicheka mpaka akafuta macho. "Haya. Tutawafunga, halafu tutapanda."

Jumamosi nusu ya watu wa kata ya Bagara walikuja kutazama. Trekta jekundu liliegeshwa kando ya uwanja, dereva amejilaza kwenye kiti, viatu amevua. Mwalimu Herieli alifika amechelewa, akaingia moja kwa moja uwanjani na raba zake nyeupe.

Wanafunzi walianza wao kupiga, wakapata pointi zao vizuri. Balaa lilianza walimu waliposhika rungu. Mudy, mrushaji, mtoto wa muuza vitambaa, siku za kawaida mpira wake uliwatia watu kiwewe. Sasa alimrushia mwalimu wa hisabati taratibu, kama anampa mgonjwa chungwa. Mwalimu akaupeleka mbali. Herieli naye akapiga, akakimbia, akapita vituo vyote vitatu akaelekea nyumbani, kwenye kile kibao cha mwisho alichokilinda Anjela, binti wa mkulima wa Sigino. Anjela alishaudaka mpira. Sheria ni nyepesi: ukimgusa mkimbiaji kwa mpira kabla hajakanyaga kibao, ametoka. Lakini Anjela alipomwona mkuu wa chuo anakuja, alimpisha, akapiga goti kidogo.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu," alisema Herieli, akakanyaga kibao.

Elieza alibwaga kofia chini. "Anjela! Mbona hukumgusa?"

"Kocha, ni Mwalimu yule," alisema binti, machozi yakimlengalenga. "Nimbandike mpira kifuani, na hata salamu sijampa tangu asubuhi?"

Basi ikawa hivyo hivyo. Walimu walipishwa njia, walirushiwa mipira laini, mmoja aliombwa radhi. Elieza alisimama pale akiona kazi ya maisha yake inakufa kwa adabu, na hasira yake ilikuwa nusu kwa wanafunzi na nusu kwake mwenyewe, maana hata yeye alilelewa hivyo hivyo. Mwisho ulipokaribia, wanafunzi walibaki mbele kwa pointi moja tu. Walimu walibakiza mtu mmoja tu wa kutolewa kabla mchezo haujaisha, na Herieli alikuwa kituo cha tatu, akinyoosha miguu yake ya zamani. Dereva, aliyeona mambo yanakoelekea, akawasha trekta.

Mlio ule ulimpandisha Elieza wazimu. Alisimamisha mchezo, akawapanga wanafunzi wote mstari mmoja mbele ya mkuu wa chuo.

"Msalimieni."

"Shikamoo, Mwalimu." "Marahaba." "Shikamoo, Mwalimu." "Marahaba." Wakaenda hivyo mmoja mmoja, watazamaji wakishangaa, mpaka mstari ukaisha. Elieza akasalimia wa mwisho.

"Marahaba, Elieza. Mnaniaga?"

Elieza aliwageukia wanafunzi akapaza sauti ishinde trekta. "Mmemsalimia na ameitikia. Heshima yake ya leo ameshaipata yote, mpaka jua lizame. Kuanzia sasa ni mpira! Atakayempisha mtu, awe mwalimu, awe baba yake mzazi, amenitukana mimi."

Mudy akarusha, na safari hii alirusha kweli. Mwalimu wa hisabati aliugusa kwa bahati tu, mpira ukabiringika chini, Mudy akaukimbilia na kumtupia Anjela. Herieli alikuwa tayari anakuja mbio, kifua mbele, akitegemea njia yake. Anjela hakusogea. Akambandika mpira kifuani, na mkuu wa chuo akakaa chini mavumbini.

"Umetoka, Mwalimu," alisema Anjela.

Herieli hakumtazama. Alimtazama Elieza. "Hawa ndio wanaokwenda kufundisha watoto wa watu? Hukuwafundisha adabu?"

"Niliwafundisha, Mwalimu. Wameshakusalimia."

Mzee aliinuka bila kupokea mkono wa mtu, shati lina alama ya vumbi kifuani, akatembea mpaka kwenye trekta na kusema na dereva. Dereva akaanza kutafuta viatu vyake.

Trekta lilipogeuka kuelekea Sigino, Herieli alirudi akapita mbele ya Elieza, akapunguza mwendo kidogo, kama mtu anayesubiri neno. Elieza aliokota kofia yake, akaikung'uta, na hakushukuru.